Chumbi: Kijiji cha Njiani na Ngoma ya Beni

Ndugu msomaji, wengi wetu tukaao Dar es Salaam huipita Chumbi tukiwa usingizini. Basi la Lindi au la Mtwara huondoka alfajiri. Mbagala na Kongowe zikiisha kubaki nyuma, abiria huanza kusinzia; Kibiti huamka kidogo wakanunua korosho; Ikwiriri huchungulia dirishani; na Daraja la Mkapa, lenye urefu wa karibu kilomita moja, likiisha kuvukwa, kila mtu hurudi kwenye usingizi wake. Chumbi ipo ng'ambo hiyo ya kusini ya mto Rufiji, kandokando ya barabara iendayo Kilwa. Miembe na mikorosho yake hupita kwa kasi, na msafiri hata hajui kwamba amepita mahali.

Safari ijayo, ukijaaliwa, ukeshe. Ikiwezekana uteremke kabisa, usiku mmoja au siku mbili, kwa kuwa nchi hii ya Rufiji ina habari moja inayotuhusu sana sisi watu wa mjini, nayo ni habari ya mwendo. Sisemi mwendo wa gari. Nasema mwendo wa miguu ya watu wengi, wanaokanyaga pamoja kwa mdundo mmoja, huku ngoma ikiwa mbele.

NCHI YENYEWE

Kwanza tuitazame nchi. Mto Rufiji, kabla ya kuingia baharini, hujigawa katika milango mingi, na kati ya milango hiyo imeota mikoko ambayo eneo lake hukadiriwa kuwa hekta 53,000, msitu wa mikoko mkubwa kupita yote mahali pamoja katika Afrika Mashariki. Upande huo wa delta leo umo katika wilaya ya Kibiti, iliyomegwa kutoka Rufiji katikati ya miaka ya 2010. Chumbi yenyewe ingali katika wilaya ya Rufiji.

Watu wa bonde hili hulima mpunga maji yanapokuja, na maji yanapoondoka hulima tena katika tope lililobaki. Mashambani hujenga madungu, vibanda vilivyoinuliwa juu ya nguzo, wakakaa humo kulinda mpunga dhidi ya ndege na nguruwe. Mto huwapa, na mto huwanyang'anya. Baada ya mafuriko ya mwaka 1968 Serikali iliwahamisha wakazi wengi wa bondeni na kuwapeleka katika vijiji vya sehemu za juu, katika mpango ulioitwa Operesheni Rufiji. Na mwezi wa Aprili 2024 maji yalifurika tena, yakafunika mashamba na nyumba katika wilaya zote mbili, za Rufiji na Kibiti.

Nataja mafuriko kwa sababu. Mtu wa nchi ya namna hii hawezi kuishi peke yake. Maji yakifika kiunoni humhitaji mwenzake mwenye mtumbwi. Hilo ulishike, maana tutalihitaji huko mbele.

LIKINDA

Jirani na Chumbi ipo Muhoro, mji mdogo wenye jina kubwa katika historia ya taifa letu. Wakati wa Wajerumani kilikuwapo kituo cha serikali hapo, na hapo ndipo aliponyongwa Kinjikitile Ngwale, tarehe 4 Agosti 1905, siku chache tu baada ya Vita vya Maji Maji kuanza katika vilima vya Umatumbi vilivyo kusini. Kinjikitile alikuwa mtu wa Ngarambe, katika wilaya hii hii. Watoto wetu wa sekondari wanamjua kwa tamthilia ya Ebrahim Hussein iliyotolewa mwaka 1969.

Lakini lipo jambo ambalo wengi hawalijui. Watu waliokwenda Ngarambe mwaka 1904 na 1905 kuchukua maji hawakurudi na dawa tu. Walifunzwa pia kitu kilichoitwa likinda. Likinda ilikuwa na sura ya ngoma, lakini ndani yake yalikuwamo mazoezi ya vita: watu kujipanga kwa safu, kwenda kwa hatua moja na kumsikiliza kiongozi mmoja. Wamatumbi, Wandengereko, Wangindo na wengineo, ambao kila mmoja alikuwa na ngoma yake na mzee wake, walijikuta katika mstari mmoja.

Mwisho wa vita ile tunaujua. Maji hayakuzuia risasi, na njaa iliyofuata iliua watu wengi kupita bunduki. Walakini hatua ile ya pamoja ilikuwa imekwisha kukanyagwa, nayo ilikanyagwa hapa, kusini mwa Rufiji.

MSTARI WA WAPAGAZI

Haikutimia miaka kumi, vita nyingine ikaja, na hii haikuwa ya kwetu hata kidogo. Manowari ya Kijerumani iitwayo Königsberg ilijificha katika milango ya Rufiji mwishoni mwa mwaka 1914, na Waingereza waliipiga humo humo tarehe 11 Julai 1915. Wajerumani waliivua mizinga yake wakaikokota nchi kavu. Na nani aliyeikokota? Mizinga haiendi yenyewe.

Mwaka 1916 Waingereza waliteka pwani ya Kilwa, na mwishoni mwa mwaka huo majeshi mawili yalipambana Kibata katika vilima vya Umatumbi. Mwanzoni mwa mwaka 1917 vita vilikuwa bonde zima la Rufiji, na mvua za mwaka huo zilikuwa za kutisha. Njia ziligeuka tope, chakula kikakosekana, maradhi yakaingia makambini. Aliyebeba unga, risasi na machela za wagonjwa alikuwa mpagazi. Kwa upande wa Waingereza peke yake inakadiriwa kuwa wapagazi waliokufa katika vita ile yote walikaribia 100,000, na walio wengi hawakufa kwa risasi, walikufa kwa kuhara, homa na njaa.

Sanamu ya Askari iliyopo katikati ya Dar es Salaam, iliyosimamishwa mwaka 1927, ina maandishi yanayowataja wapagazi kuwa walikuwa miguu na mikono ya jeshi. Na Kariakoo yetu, tunakonunua mboga na vitambaa, ilipata jina lake kutokana na jeshi hilo la wapagazi lililopiga kambi pale. Kila tusemapo "naenda Kariakoo", tunawataja wao bila kukusudia.

Mfikirie mtu yule, msomaji. Anakwenda kwa mstari, mzigo kichwani, mwenzake mbele na mwenzake nyuma, na hatua si yake. Amri si yake, wala vita si yake. Akianguka, mstari humruka ukaendelea.

MARINI NA ARINOTI

Sasa ndipo tunapofika kwenye jambo la ajabu. Mtu huyo aliyepona, aliporudi kwao, alifanya nini na mwendo ule? Ungedhani angeuchukia maisha yake yote. Lakini wengi waliuchukua, wakaushonea sare, wakauwekea ngoma kubwa na matarumbeta, wakaugeuza kuwa mchezo. Mchezo huo ni beni.

Jina lake ni lile neno la Kiingereza la bendi, likatamkwa kwa ulimi wa pwani. Beni haikuzaliwa na vita hiyo. Ilianza mnamo miaka ya 1890 katika miji ya pwani ya Kenya, Lamu na Mombasa, ambako watu walikuwa wakizisikia bendi za matarumbeta, zikiwamo zile za Wamisheni kule Freretown, walikokaa watumwa waliokombolewa. Kutoka huko ilishuka hadi Tanga na Dar es Salaam. Askari na wapagazi wa vita ya 1914 hadi 1918, wa pande zote mbili, ndio walioisambaza barani. Ilifika Nyasa na ikaingia hata kwenye migodi ya shaba ya Zambia. Mwanahistoria Terence Ranger aliiandikia kitabu kizima mwaka 1975, na aliifuata nyayo kwa nyayo tangu Lamu hadi huko.

Katika Tanganyika beni ilikuwa na pande mbili kubwa, Marini na Arinoti. Marini walijiona watu wa juu, wenye kazi za heshima na nguo zilizopigwa pasi. Arinoti walikuwa watu wa kawaida, vibarua na wageni wa mjini, nao hawakuona haya kwa hilo. Kila upande ulikuwa na matawi katika mji baada ya mji, na mwanachama aliyehama aliwakuta wenziwe huko alikokwenda. Kila upande ulikuwa na vyeo vyake: alikuwapo Kingi, walikuwapo majenerali na makanali, na hakimu, na daktari. Wanawake nao walikuwa na safu yao na viongozi wao.

Siku ya kushindana pande hizo zilitoka na gwaride, fimbo mabegani badala ya bunduki, ngoma kubwa ikivuma na filimbi zikijibu. Nyimbo zilitungwa usiku kucha ili asubuhi mpinzani asikie aibu zake mbele ya mji mzima. Walisifia sare zao, karamu zao, na idadi ya mbuzi waliochinja. Fedha nyingi ziliteketea, na walikuwapo walioilaumu beni kwa sababu hiyo: mashehe, wamisheni, na wazee waliowaona vijana wao wakikopa ili kushona kanzu mpya. Lawama hiyo ilikuwa na haki yake. Serikali ya Mwingereza nayo iliingiwa na wasiwasi. Watu weusi waliojipanga kwa safu, wenye vyeo na wenye barua zilizokwenda mji hadi mji! Wapelelezi walitumwa wachunguze kama si uasi.

Hawakuona uasi. Lakini walichokiona hawakukielewa vizuri. Nyuma ya ngoma ile kilikuwapo chama. Mwanachama alipougua, wenzake walimtazama. Alipokufa ugenini, pasipo ndugu, Marini au Arinoti ndio waliochanga sanda, wakamchukua hadi kaburini. Mgeni aliyeshuka mjini hana ajuaye jina lake, alipokewa na beni. Yule mpagazi ambaye mstari ulimruka alipoanguka, sasa alikuwa katika mstari uliosimama kumwinua. Hilo ndilo badiliko kubwa lililotokea. Mwendo ulikuwa ule ule, ila wenye mwendo walikuwa wengine.

WENZETU WA NG'AMBO

Msidhani kwamba jambo hili ni la kwetu peke yetu. Huko Marekani, vyuo vikuu vina bendi za gwaride zenye wanafunzi mamia, na siku ya mchezo wa mpira, wa ule mpira wao wa mikononi, mji mzima husimama. Chuo cha Purdue kilianza bendi yake mwaka 1886, na mwaka 1907 bendi hiyo ilijipanga uwanjani ikaandika kwa miili ya watu herufi ya kwanza ya jina la chuo. Bendi ya Chuo Kikuu cha Ohio State, tangu mwaka 1936, huandika jina lote la Ohio wakiwa mwendoni, na mpigaji wa tarumbeta kubwa kupita yote hutoka akaenda kusimama juu ya herufi moja awe nukta yake. Watazamaji humshangilia mtu huyo kama mfungaji wa bao.

Chuo cha Florida A&M, ambacho kilianzishwa kwa ajili ya Wamarekani weusi, kina bendi ambayo tarehe 14 Julai 1989 iliitwa Paris kuandamana katika sherehe za miaka 200 ya Mapinduzi ya Ufaransa. Hapo utaona kisa kinachofanana na chetu. Wajukuu wa watumwa walichukua gwaride la wakubwa, wakatia ndani yake magoti ya juu, mabega ya kucheza na mdundo wao, hata wenye gwaride wakawaita wawafundishe. Nao hushindana bendi kwa bendi, na mara nyingi watu hubishana zaidi juu ya bendi kuliko juu ya mchezo wenyewe. Mzee wa Arinoti angewaelewa bila mkalimani.

SIKU YA MCHEZO KIJIJINI

Turudi Chumbi. Beni yenyewe, kwa jina na vyeo vyake, ilikwisha kufifia tangu zamani. Dansi liliichukulia vijana, na vyama vya wafanyakazi na vya siasa vikachukua kazi zake nyingine. Nyasa ingali ikichezwa kwa jina la mganda, na Unguja ungali ukiisikia nyuma ya bibi harusi. Lakini ukitaka kuona asili yake, fika katika kijiji cha Rufiji siku ambayo timu ya hapo inacheza na jirani.

Mchezo ni wa saa kumi, lakini shughuli huanza baada ya adhuhuri. Wageni huja kwa gari la mizigo, kwa baiskeli na kwa pikipiki, na hawashuki uwanjani. Hushuka mbali kidogo, makusudi, ili waingie kwa miguu. Ngoma hutangulia. Nyuma yake huja filimbi, kisha dumu tupu la mafuta lipigwalo kwa kijiti, kisha akina mama wenye khanga za sare, kisha watoto, ambao hakuna aliyewaita. Huzunguka uwanja mara moja, polepole, wakiimba jinsi wenyeji watakavyokosa usingizi usiku huo. Wenyeji nao hutoka upande wa pili na ngoma yao. Pande mbili hukutana karibu na goli, zikapishana bega kwa bega, kila mmoja akimwimbia mwenziwe matusi yasiyo na chuki. Utani huo una mipaka yake, na kila mtu anaijua.

Zawadi aghalabu ni mbuzi. Aliyeshinda humchukua, lakini usishangae ukiona mbuzi huyo analiwa na pande zote mbili kabla gari la wageni halijaondoka. Maana wageni hao ni wakwe, mashemeji na wanunuzi wa ufuta wa wenyeji. Na mto ukifurika mwaka ujao, hao hao ndio wenye mitumbwi.

MJINI KWETU

Na sisi wa mjini je? Ngoma hatujaiacha. Simba na Yanga wakikutana, matarumbeta husikika tangu Temeke mpaka Uwanja wa Benjamin Mkapa. Klabu hizo, Yanga ya mwaka 1935 na Simba iliyofuata mwaka 1936, zilikua katika mji ule ule uliokuwa umezoea kugawanyika pande mbili za beni, na ushabiki wao una harufu ile ile: sare, nyimbo za kejeli, majigambo ya msosi na magari. Jumamosi ukisimama kando ya barabara yoyote utaona gari dogo la wazi, limejaa vijana wenye matarumbeta na ngoma, linaongoza msafara wa harusi.

Ni sauti nzuri. Lakini tujiulize swali moja. Vijana wale wa garini ni nani kwa bwana harusi? Aghalabu si mtu wake. Wamekodiwa kwa saa. Saa ikiisha hukunja vyombo vyao, wakaenda kwenye harusi nyingine, na hapana ubaya, maana hiyo ndiyo riziki yao. Ila bwana harusi huyo akiugua mwezi ujao, ngoma ile haitakuja kumtazama. Ngoma ya kukodi haina matanga.

Hapo ndipo tulipopungukiwa. Tumeihifadhi sauti ya beni, tukakiacha chama kilichokuwa nyuma yake. Tunatumia fedha nyingi kama Marini walivyotumia, pengine zaidi. Kadi za michango zinatufikia kila wiki na kamati zinakaa hadi usiku. Lakini sherehe ikiisha kamati huvunjwa, na jirani wa chumba cha pili hatumjui jina. Wazee wetu walilaumiwa kwa ubadhirifu, na kweli walikuwa wabadhirifu, walakini katika ubadhirifu wao walinunua kitu: walinunua watu wa kuwazika.

Nakuomba basi, ndugu msomaji, mambo mawili yaliyo katika uwezo wako. La kwanza, mwaka huu ukienda nyumbani kwa Idi, kwa mavuno au kwa msiba, uwapeleke watoto uwanjani siku ya mchezo. Usiwaweke kivulini na soda. Waache waingie katika ule mstari wa nyuma ya ngoma, ambao hauna kiingilio, wajifunze kukanyaga na watu wasiowajua. Wakirudi wana vumbi hadi magotini, usiwagombeze.

La pili ni la mtaani kwako. Vipo vikundi vya kuzikana, vipo vya kuwekeana akiba, ipo timu ya vijana inayofanya mazoezi kwenye kiwanja cha shule. Kila kimoja kinakaa mbali na mwenziwe. Wenye kuzikana ni wazee, wenye kucheza ni vijana, wenye ngoma wanakodiwa. Beni ilikuwa ni hao wote pamoja. Anayetaka kuwakutanisha hahitaji kibali kikubwa wala fedha za mfadhili. Anahitaji ngoma moja, na siku ya mchezo, na daftari la majina ili ajulikane asiyeonekana, na mtu atumwe kwenda kumwulizia.